Babu Ndani ya Kanda ya Mzuka

Nilipokuwa mtoto kule Makongeni, nilimwogopa mzuka wa filamu moja ya Kihindi ambaye, nilivyomwona tena juzi kwenye simu ya binti yangu, hawezi kutisha hata kuku. Siku hizi picha ni safi mno. Unaona gundi inayoshikilia uso wa mpira. Unaona hata saa mkononi mwa marehemu.

"Mama, huyu ndiye aliyewanyima usingizi?" binti yangu aliuliza akicheka.

Ndiye, ingawa hatukuwahi kumwona sawasawa. Kanda yetu ya video ilikuwa nakala ya nakala, rangi zimechujuka, mistari inashuka kwenye kioo kama mvua. Anko Wafula, mdogo wake mama, ndiye aliyenakili filamu hizo. Jumapili baada ya ibada alifunga mapazia, na majirani wakajazana sebuleni kwetu kutishwa. Watu wazima, wafanyakazi wa reli, walishikana mikono kwa sababu ya ukungu wa kijivu uliopiga mayowe kwa lugha ambayo hakuna aliyeijua.

Kukhu, yaani nyanya yangu, alikuwa amekuja kutoka Bungoma kutibiwa macho. Hakupenda mchezo huo.

"Mkizoea kuita wafu kwa mchezo," alisema, "ipo siku wa kwenu ataitika."

"Mama, huyu ni mzuka wa Bombay," Anko akamjibu. "Hana nauli ya kufika hapa."

Kukhu alitaka kanda moja tu: ile ya arusi ya mama mdogo, ambamo babu, ambaye wakati huo alikuwa ameshafariki, alihutubia wageni. Sauti yake haikubaki kwingine. Kila alipokuja aliiulizia, na kila mara Anko alisema bado anaitafuta.

Jumapili moja mzuka aliteketea kama kawaida, filamu ikaisha, chengachenga zikajaa kwenye kioo. Kisha zikaondoka, na babu akasimama pale na koti lake la kahawia, mkono juu.

"Mulembe," akatusalimu kwa lugha ya kwetu.

"Ashindwe! Ashindwe kwa jina la Yesu!" Mama Shiro, jirani yetu, alirukia mlango, vikombe vikamwagika. Sote tukamfuata. Mzee mmoja wa kanisa alinisukuma kando ili atangulie.

Kukhu peke yake alibaki. Nikiwa nje dirishani nilimsikia akijibu, "Mulembe, Baba Wafula," kwa utulivu, kama anayempokea mtu aliyetoka kazini.

Mazungumzo yao hayakufika mbali. Mama Shiro alirudi na kundi zima, akang'oa waya ukutani, na kanda ikachomwa nyuma ya nyumba kwa nyimbo za ushindi. Anko ndiye aliyeleta mafuta ya taa. Alikuwa ameshaelewa. Siku moja alipokosa kanda tupu, alibandika seloteipu kwenye kitundu kinachozuia kurekodi, akamrekodi mzuka juu ya ile arusi. Filamu ikawa fupi kuliko kanda, na babu akasalia mkiani. Alikuwa kijana, na kumwogopa mama si dhambi. Lakini afadhali angetuacha tuogope bila kiberiti.

"Hata hamkuniacha nimuulize habari," Kukhu alisema jioni ile. Kanda ile hakuiulizia tena.

Kwa miaka mingi nimetudharau kwa zile mbio. Tulilia kwa ajili ya mpira na gundi, na aliyekuwa wetu alipotusalimu, tukamkemea. Katika nyumba nzima, aliyeamini kweli kwamba wafu huitika ndiye pekee ambaye hakukimbia.

Juzi tulitazama hadi mwisho. Mzuka aliungua, majina yakapita, kioo kikawa cheusi, safi, bila hata mstari mmoja.

"Imeisha, Mama," binti yangu akasema, akinyoosha mkono achukue simu yake.

Nikamwambia angoje kidogo.