Jiwe la Bao Juu ya Chemchemi

Babu zangu, kama babu wa nusu ya watu wa huku, walibeba pembe na vitambaa kwa miguu kutoka Tabora mpaka pwani na kurudi, tena wakiimba. Mimi mjukuu wao nikiambiwa kesho kuna kikao Isikizya, makao makuu ya wilaya, mgongo unaanza kuniuma leo. Sijui ile damu ya upagazi ilimwagikia wapi. Mke wangu anasema haikumwagika popote, ilichoka tu ikaja kupumzikia kwangu.

Ukitoka Tabora mjini ukaipita Itetemia, nchi ni bapa, unaweza kuviringisha ringi ya baiskeli mpaka ikuchoshe. Halafu, bila hodi, vilima vinaanza. Ni vilima vya mawe, mawe makubwa kama nyumba yaliyopandana bila saruji, na kila mgeni huuliza lini yataanguka. Kati ya vilima kuna miombo, na kati ya miombo kuna sisi: wakulima wa tumbaku na karanga, Wasukuma waliofika na ng'ombe wao wakapapenda, na familia chache zilizohamia kutoka makazi ya wakimbizi ya Ulyankulu, ambazo hulima mpaka unaona aibu kukatiza karibu na shamba lao ukiwa umeweka mikono mfukoni.

Haya yote nimeyajua nikiwa nimekaa. Nyumba yangu iko mguuni pa mlima, na kila anayeshuka hupitia barazani kwangu. Anasalimu "mwangaluka", anakunywa maji, anakaa, na akikaa anasema. Muuza uyoga alinifundisha mabonde, mrina asali akanifundisha miti. Kwa njia hiyo nilifika umri wa miaka hamsini na kidogo nikiujua mlima wetu wote, na sijaupanda tangu shule ya msingi.

Kijiji kikanifanya katibu wa kamati ya ardhi kwa sababu nilimaliza kidato cha nne na mwandiko wangu unasomeka. Vikao vilifanyika barazani kwangu. Nilidhani wananiheshimu, kumbe walishajua kwamba wakikaa kwingine katibu hatafika.

Sasa, nyuma ya bega la mlima kuna chemchemi isiyokauka hata Oktoba. Chini yake kuna bustani za wanawake wa kijiji chetu, ya mke wangu ikiwemo: mchicha, nyanya, vitunguu. Kiangazi chote tunakula kutoka pale. Halmashauri ilipotangaza kwamba inapima mipaka ya vijiji, kijiji jirani, cha upande wa juu ya mlima, kikasema chemchemi ni yao, na wakishapewa cheti watajenga birika la kunyweshea ng'ombe. Ng'ombe mia mbili wakipita kwenye mchicha, mchicha hausimulii.

Ushahidi ulikuwa karatasi moja ya enzi za kuanzisha vijiji, iliyopigwa chapa, kila kijiji na nakala yake. Ilisema mpaka utapita penye "jiwe la bao lililo kando ya njia ya zamani ya misafara". Basi. Wote walioiandika walishatangulia mbele ya haki, na njia yenyewe ilishamezwa na vichaka. Jirani zetu wakasema jiwe wanalijua.

Siku ya kupima, mke wangu alinivalisha viatu kama anayempeleka mtoto darasa la kwanza. "Leo huugui," akasema. "Ukiugua, nakubeba mgongoni, na njiani tunapita sokoni kila mtu akuone."

Tukakutana na kamati yao mlimani, nusu ya njia. Mjumbe wao mmoja ni mdogo wa mke wangu, mfinyanzi wa vyungu aliyeolewa huko. Aliponiona ninavyohema akapiga makofi.

"Shemeji! Leo umetoka? Nani kakuibia kiti?"

"Kiti kipo, shemeji. Nimekuja kuangalia kama nyie mpo."

"Angalia haraka basi, kabla roho haijakutoka."

Mwenyekiti wao, mzee mnene mwenye fimbo, alitupeleka kwenye mwamba mpana uliochomoza juani. "Hili hapa. Mashimo si hayo?"

Kweli, mwamba ulikuwa na mashimo. Mke wangu akanivuta shati. Chemchemi ilikuwa juu yetu, mwendo wa dakika kumi. Mpaka ukipita pale tuliposimama, maji na bustani vyote vinakwenda kwao. Mpima, binti wa halmashauri mwenye kile kidude cha kusoma satelaiti, alishaanza kukiwasha.

Duniani Mungu amenipa kipaji kimoja tu, bao. Kila alasiri nacheza barazani, na wanaonifunga ni wachache, ingawa wapo. Nikainama nikaokota vijiwe viganja viwili.

"Mwenyekiti, shikamoo."

"Marahaba."

"Karibu tukae tucheze."

"Tucheze nini? Tuko kazini."

"Umesema ni jiwe la bao. Nipange kete wapi?"

Akaangalia mashimo. Nami nikaanza kupanga, taratibu, huku watu wakisogea. Mstari wa kwanza ulikuwa na mashimo matatu, wa pili haukuwepo. Shimo moja lilimeza vijiwe vyangu vyote na likabaki na nafasi ya kumwogeshea mtoto. "Hapa nikitaka kula kete zako, nakula nini? Mbele yako hakuna shimo, kuna nyasi. Mwenyekiti, mchezaji wa hapa ni mvua. Ndiyo iliyotoboa."

Watu wa vijiji vyote viwili wakacheka. Shemeji yangu, ambaye alitakiwa kunyamaza kwa ajili ya upande wake, alishindwa. "Kweli mwenyekiti, hata chungu changu kilichopasuka kina mdomo ulionyooka kuliko hilo."

Mpima naye alitabasamu, kisha akaacha. "Mzee, nimekuelewa. Lakini lipi ndilo? Nisipoliona leo naandika kwamba pana mgogoro, na chemchemi inafungwa kwa wote mpaka wilaya iamue." Kila mmoja wetu alijua wilaya huamua lini. Mke wangu alikaza mkono kwenye mpini wa jembe lake.

Hapo ndipo nilipojiuliza swali ambalo mtu mchapakazi asingejiuliza. Ningekuwa mpagazi mvivu, nimebeba ratili sitini tangu alfajiri, ningekaa wapi? Si juani, hilo wazi. Bao halichezwi juani, kichwa kinachemka unasahau hesabu. Ningetaka maji karibu, ila si karibu sana, maana mbu. Ningetaka jiwe lililolala, la kukaa wawili wakitazamana na watazamaji wakiegemea. Na ningetaka kuiona njia, ili mnyapara akitokea nijifanye nafunga mzigo.

"Twendeni juu," nikasema. Sauti haikuwa yangu.

Kupanda kule sitakusimulia kwa urefu. Nilikamata mizizi, nikakamatwa na miiba, na mahali pamoja shemeji alinisukuma kwa nyuma kama gari lililokufa betri, akihesabu "moja, mbili, haya!" Tuliipita chemchemi. Hatua kama arobaini juu yake, mwamba mkubwa umeinamia mbele mithili ya kibaraza, na chini ya kivuli chake palikuwa na kitu kama kitanda cha udongo na majani makavu. Nikakaa. Upepo ulikuja usoni. Mbele yangu miti ilikuwa imeachia upenyo mmoja mrefu unaoteremka kuelekea magharibi, kama njia iliyosahaulika. Kwa mara ya kwanza tangu asubuhi matako yangu yalikuwa na furaha.

"Ni hapa," nikasema.

"Umejuaje?" mpima akauliza.

"Sitaki kuinuka."

Mke wangu hakungoja. Alinisogeza kwa mguu, akaanza kuparua udongo kwa jembe. Jembe likalia juu ya jiwe. Akapiga magoti, akatumia mikono, na shemeji akapiga magoti kando yake, dada wawili wa vijiji viwili wakifukua pamoja kama wanachimba viazi. Likatokea shimo la mviringo, saizi ya ngumi. Pembeni yake jingine. Wanawake wakaanza kuhesabu kwa sauti, nane, kumi na sita, ishirini na nne, na kila mstari ulipotimia sauti ilipanda, mpaka walipofika thelathini na mbili nilisikia vigelegele ambavyo, naapa, sikupigiwa hata siku ya harusi yangu. Mistari minne, manane manane, kingo zimelainika kwa vidole vya watu tusiowajua.

Mwenyekiti wao alitumbukiza kidole shimoni, akakizungusha. Nilimwonea huruma, ni mtu mzima. Kisha akaegemeza fimbo, akaketi upande wa pili. "Haya, mtoa kete, ziko wapi?"

Mpima akisoma kidude chake, nikacheza na mwenyekiti. Alinifunga. Alinifunga vibaya, mbele ya kamati mbili, na shemeji hakukosa la kusema: "Ameshinda mlima, ameshindwa na mzee!" Nikamwambia mwenyekiti achukue mchezo, mimi nimeshachukua chemchemi. Akacheka mpaka akakohoa, akatia sahihi muhtasari. Shemeji akatia dole gumba chini yake, akakubali kwamba ng'ombe watapelekwa bwawani kwao, kama siku zote.

Saruji ya bikoni, ile nguzo ya mpaka, ilihitaji maji. Ndoo nilipewa mimi, kwa kura ambayo sikumbuki kuipiga. Nikashuka zile hatua arobaini, nikachota, nikapanda, nikarudi tena mara tatu, na hakuna aliyenisikia nikilalamika, labda kwa sababu vigelegele vilikuwa bado vinaendelea. Saruji ilipokuwa ingali mbichi, mke wangu alishateremka bustanini akapiga matuta mawili mapya, moja pale pale tulipoambiwa birika lingejengwa.