Mzee Aliyeuliza Kama Betri ni Mpya

Haya yalinitokea mimi mwenyewe, siyo rafiki wa rafiki, na yalitokea saa nane mchana, jua likichoma mabati ya soko la Kikula. Najua visa vya namna hii huwa vya usiku. Hiki kisingeweza kuwa cha usiku, na nitakueleza kwa nini. Ukimaliza kusoma uniite mwongo ukitaka. Nimeshaitwa hivyo katika miji mingi. Lakini uongo wangu wa kujutia ni mmoja tu, niliusema kule kule, mjini Likasi, na ulikuwa wa maneno mawili.

Nilifika huko katikati ya miaka ya tisini, nchi ikiwa bado inaitwa Zaire, baada ya safari ya karibu mwezi mzima. Nilitoka Kalemie kwa meli hadi Mpulungu, nikalala wiki nzima nje ya ghala la samaki nikingoja gari. Nikapita Kasama na Ndola nimekaa juu ya magunia, nikavuka Kasumbalesa kwa miguu, nikaingia Lubumbashi na viatu vilivyofungwa kwa waya. Mpaka leo nikinusa dizeli na samaki wakavu kwa pamoja, roho inataka kuondoka tena.

Kule Ndola nilibadilisha saa ya marehemu baba yangu na kimashine cha kuchezea, kile cha kijivu cha kushika mikononi. Kilikuwa na mchezo mmoja tu, wa zamani hata wakati ule: vipande vinashuka kutoka juu, unavipanga, vikijaa hadi juu umekufa. Kwa nini nitoe saa ya baba kwa kitu kama hicho? Nilikuwa na miaka ishirini na minne. Sina jibu lingine.

Likasi nilimfuata dada yangu mkubwa, kwetu tunasema yaya, yaya Béa, aliyeolewa na Donat, mtoto wa Panda, kambi ya wafanyakazi wa kiwanda. Donat alikuwa kiwandani kama alivyokuwa baba yake, mzee aliyefariki kabla ya ile ndoa na ambaye mimi sikumwona kamwe. Ila wakati ule kazi ilikuwa ni kwenda, kukaa na kurudi. Mashine zilisimama, mishahara ilisahaulika, na wanaume waliozoea king'ora cha asubuhi walikuwa wanalima mahindi uani na kuuza viti vyao. Mimi niliweka meza sokoni Kikula, kwenye baraza ya duka lililofungwa, nikakodisha mchezo. Unaleta kikombe cha unga, unacheza mpaka ufe.

Sasa sikiliza vizuri hapa. Kimashine kile kilikuwa na butoni nne ambazo ukizibonyeza zote kwa pamoja, mchezo unarudi mwanzo papo hapo, bila kuzima. Kuzima na kuwasha kulikula betri, na betri Likasi zilikuwa adimu kuliko nyama. Kwa hiyo mtu akifa, nilibonyeza nne, wimbo mdogo ukalia, nikampa anayefuata. Betri zikichoka nilizianika juu ya bati, jua likazirudishia nguvu ya nusu saa hivi. Kila nyumba ilifanya hivyo kwa redio yake. Na kioo hakikuwa na taa ya kukiangaza. Ulicheza kwenye jua, au hukucheza. Ndiyo maana yule mzee alikuja mchana.

Donat alipenda ule mchezo kuliko chakula. Lakini yaya Béa alikuwa na mimba ya miezi minane, unga umekwisha nyumbani, na Donat akaamua kupanda lori la kwenda vijijini, ng'ambo ya mto kule Koni, kubadilisha nguo na mahindi. Lori lile tulilijua wote. Breki halikuwa nazo: likisimama, dereva alishuka mwenyewe kuweka gogo chini ya gurudumu.

“Ile camion haina frein,” yaya Béa alimwambia. “Weye mwenyewe unajua.”

“Béa, hata minye sina frein. Si ulinikubali hivyo?”

Alicheka peke yake. Alipotoka nje, dada yangu alinishika mkono.

“Kesho atapita kwako kukuaga. Umupe ile jeu yako, ile mashine. Acheze mupaka camion iende bila yeye. Ni kitu moja tu naomba.”

“Yaya, usiogope. Akishika jeu, hata nyumba iungue hasikii.”

Niliahidi hivyo, nikiwa na betri nne mpya mfukoni, bado ndani ya karatasi yake. Nilizipata kwa mfanyabiashara aliyetoka Zambia, na nilikuwa nazitunzia Jumapili, siku ya watu wengi. Ndani ya kimashine niliweka zile nilizozianika asubuhi. Nilijiambia zitatosha.

Siku ile, kabla Donat hajafika, mzee mmoja alikaa kwenye benchi langu. Alivaa ovaroli ya kazi, ya buluu, iliyofuliwa hadi ikawa karibu nyeupe, na kofia ya ukingo mpana. Mkono wake wa kulia haukuwa na kidole gumba. Akanyoosha ule wa kushoto kuomba mchezo, na kabla hajaupokea akaniuliza kuhusu betri:

“Piles ni mupya?”

“Mupya kabisa, muzee.”

Hayo ndiyo maneno yangu mawili. Nilisema kama kila mchuuzi anavyosema. Hata kikombe cha unga sikumdai, nikifikiri atakufa baada ya dakika mbili kama wazee wote, halafu nitampa Donat.

Hakucheza. Vipande vilishuka ovyo, macho yake yakiwa barabarani. Ng'ambo ya barabara, lori lilikuwa linapakia. Kisha Donat akatokea, gunia tupu limekunjwa chini ya kwapa, akavuka kuja kwetu. Mzee alimtazama tangu hatua ya kwanza. Alimtazama jinsi mtu mwenye kiu anavyoangalia maji yakimiminwa. Donat alipokaribia, mzee akainamisha kofia, akaficha mkono wa kulia katikati ya magoti.

“Eh, shemeji! Muntu mwingine amekamata jeu yangu?”

“Ngoja kidogo, Donat, amalize.”

“Amalize nini? Angalia anavyopanga! Muzee, unajenga nyumba ama unabomoa?”

Mabega ya mzee yalitikisika. Nilidhani anacheka. Honi ikalia mara tatu.

“Haya, nitacheza kesho nikirudi. Uchunge dada yako, na usimalize sombe yote kwenye sufuria!”

Akakimbia. Dereva akatoa gogo. Mama mmoja mwenye beseni jekundu akapita karibu sana na lori, fundo la kitenge chake likafunguka, akalishika kwa mkono mmoja huku akimtukana dereva. Lori likaanza kutembea. Hapo mzee akatoa mkono wa kulia, akalaza upande wa kiganja chake juu ya butoni mbili, na gumba la kushoto juu ya zile mbili nyingine. Wimbo mdogo ukalia.

Na Donat alikuwa anavuka barabara, gunia chini ya kwapa.

Niamini. Sikuwa nimekunywa, sikuwa na homa.

“Eh, shemeji! Muntu mwingine amekamata jeu yangu?”

Nilitaka kusema: Donat, usiende. Neno nilikuwa nalo kwenye ulimi. Kilichotoka ni: “Ngoja kidogo, Donat, amalize.” Nilitaka kumshika shati, mikono ikabaki mezani. Nyumba, kubomoa, honi tatu, sombe. Gogo. Beseni jekundu, kitenge, tusi lile lile. Kiganja kikalala juu ya butoni. Wimbo.

Ilirudi tena. Na tena. Je, umewahi kuota unapiga kelele na sauti haitoki? Mimi sauti ilitoka, lakini ilikuwa ya mara ya kwanza. Kwa Donat sikuweza neno jipya hata moja. Katika mara ya nne au ya tano ndipo niligundua kwamba nikimgeukia mzee, mdomo wangu uko huru.

“Muzee,” nilisema, “umuzuie. Ukiweza kufanya hii, umuzuie.”

“Kumuzuia siwezi,” alijibu, macho barabarani. “Kumuona akikuja, hiyo njo naweza. Hii tu.”

Na Donat akaja, akicheka. Ndipo niliangalia ile taa ndogo nyekundu pembeni ya kioo, inayoonyesha nguvu ya betri. Ilikuwa imefifia. Jua halikusogea, kivuli cha baraza hakikusogea, watu wote walirudi mahali pao, lakini nguvu ya betri haikurudi. Kila mara ilipungua.

Mzee naye aliiona. Aligeuka akanitazama usoni kwa mara ya kwanza.

“Ulisema ni mupya.”

Nilitoa zile nne mfukoni, karatasi ikilia mkononi mwangu.

“Hizi hapa, muzee! Hizi ni mupya kweli. Tubadilishe.”

“Kubadilisha ni lazima uzime?”

“Ndiyo.”

“Basi usiguse,” alisema taratibu. “Kuanza upya ni kitu ingine. Ukizima, imekwisha.”

Tukakaa. Mimi na yeye, kwenye benchi moja, betri mpya nne kiganjani mwangu zisizo na kazi yoyote. Donat alikuja mara kadhaa zaidi. Mara ya mwisho mzee hakuinamisha kichwa. Alimwacha afike hadi mezani, akainua uso kumtazama vizuri. Lakini Donat alikuwa tayari amegeuka kuisikiliza honi. Sombe. Gogo. Kitenge. Kiganja kikashuka juu ya butoni, na wimbo haukulia. Kioo kilikuwa cheupe.

Lori likaenda. Nililiona likipita kona, Donat amesimama nyuma, akinipungia gunia. Nilipogeuka, benchi lilikuwa tupu, na kimashine kiko juu yake, baridi kama kitu kilichotolewa kisimani, katika jua lile.

Nilikimbia. Nani anaweza kulikimbiza lori hadi Koni? Jioni habari ikafika. Kwenye mteremko wa mtoni, frein ambazo hazikuwepo ziliendelea kutokuwepo. Watu wanane walitoka wazima. Donat hakuwa mmoja wao.

Nilimweleza yaya Béa baada ya matanga. Alinisikiliza akichambua mchele, hakuinua kichwa, mpaka nilipomwonyesha jinsi mzee alivyobonyeza zile butoni kwa upande wa kiganja kwa sababu ya gumba kukosekana. Akaweka ungo chini.

“Baba mukwe,” alisema. “Kidole ilikatwa na mukanda ya mashine. Donat alikuwa anamufungia viatu.”

Nilingoja alie. Akauliza:

“Alimuona akikuja mara ngapi?”

“Sikuhesabu, yaya. Kumi. Labda zaidi.”

“Minye, ile asubuhi, nilimuona akitoka mara moja.”

Siku ya pili aliomba kimashine. Kila mchana, saa nane, alikaa kwenye benchi langu Kikula na tumbo lake, akibonyeza butoni nne, akiangalia barabara. Anabonyeza, wimbo unalia, anaangalia. Baadaye mtoto alizaliwa, wa kiume, akaitwa Donat, yaya akawa anakaa pale naye mgongoni. Betri zikichoka alizianika. Wateja walinihama. Wamama wa sala walikuja kumwombea, wakamwekea mikono kichwani, akawashukuru, saa nane akarudi kwenye benchi. Hakuna aliyevuka ile barabara isipokuwa wanaovuka kila siku.

Sikumwambia kuhusu betri za mfukoni. Nilimwambia tu kwamba zile za ndani zilikuwa za jua. Na kwa sababu sikuweza kumwangalia tena akifanya vile, nikafanya ninachokijua: nikafunga mzigo.

Asubuhi ya kuondoka nilizitoa zile nne, bado na karatasi yake, nikaziingiza kwenye kimashine mbele yake. Aliangalia karatasi, akaniangalia mimi.

“Zilikuwa wapi?”

“Mfukoni.”

“Ile siku?”

“Ile siku, yaya.”

Hakunipiga. Afadhali angenipiga. Alichukua kimashine, akamfunga mtoto mgongoni, akanisindikiza hadi kwenye gari la Lubumbashi. Nilipofika mlangoni nilitaka kuomba msamaha, nikasema: “Haya yaya, nitaandika.” Naye akasema: “Panda.” Nikainua mguu kupanda, na mguu wangu ulizijua zile ngazi. Ulijua kwamba ya pili imelegea, ukairuka kabla sijaiona. Nilijua pia kwamba abiria mmoja mwenye kuku atanisukuma kushoto, na akanisukuma kushoto.

Nikageuka dirishani. Yaya Béa alikuwa amesimama kwenye jua, uso umeinamia mikono, magumba yake mawili yamelazwa juu ya zile butoni nne.

Zaidi ya miaka ishirini imepita, sijarudi, na nimeondoka katika miji mingi tangu hapo. Sijui aliniona nikiondoka mara ngapi. Mimi nakumbuka mara moja. Kila nikijaribu kukumbuka msamaha ule nilioushika kwenye ulimi, nasikia tu “nitaandika”, kwa sauti ile ile, na sijaandika.

Kwa hiyo wewe unayesoma, mtu usiyemjua akikuuliza kama betri ni mpya, mwambie ukweli, hata kama ni kitu cha mchezo. Na siku ukiagana na mtu ukahisi kwamba maneno hayo umeshayasema, usiulaumu usingizi. Tazama mikono yake. Kisha ngoja, umpe muda akuangalie, maana hujui amebakiwa na nguvu ya mara ngapi.