Risasi ya Nane

Kama hukutaka ugomvi asubuhi, usingepita pale ofisini kwa walinzi, chini kidogo ya stendi ya Ngara. Eufrazia alikuwa ameshafika kabla ya watu wote, amekalia kigoda chake mlangoni mwa ghala la silaha, ufunguo unaning'inia kifuani kwa kamba ya kiatu, na mdomo umeshaanza kazi. Mlinzi aliyerudisha bunduki ina tope la lindo la Kirushya kwenye kitako alipewa zake palepale, mbele za watu, hata kama alikuwa amekesha kwenye mvua.

"Hii umeilindia au umeilimia?"

Ukijibu, umejitakia. Ukinyamaza, umejitakia vilevile.

Alikuwa na miaka hamsini na mmoja, mzaliwa wa Ntobeye, hana mume, watoto wameshajitegemea. Silaha alifundishwa JKT akiwa binti, enzi ambazo wenzake walipelekwa jikoni na yeye akang'ang'ania ghala mpaka afande akachoka kumfukuza. Kampuni hii ya mzee Venance aliingia ikiwa na bunduki mbili na mbwa mmoja. Sasa zilikuwa bunduki kumi na sita na bastola mbili, na mbwa alishakufa. Kwa miaka kumi na minane hakuna silaha iliyofyatuka pasipotakiwa, na hakuna mtu aliyewahi kumwambia asante kwa hilo. Nani atakushukuru kwa kitu ambacho hakikutokea?

Utaratibu wake ulikuwa mmoja na haukuwa na mjadala. Uani palikuwa na pipa limejaa mchanga. Silaha inayorudi kutoka lindo hupitia pale kwanza: mtutu uelekezwe mchangani, magazini itolewe, mtu akoki, risasi iliyobaki iruke nje, halafu atazame ndani ya chemba, pale risasi inapokaa. Akishatazama, atie kidole cha mwisho apapase. Walinzi walichukia hicho kidole kuliko kitu chochote. Mwanaume mzima, ana ndevu, anaambiwa atie kidole kama anapima uji wa mtoto.

"Nimeona kwa macho, afande," mmoja alimwambia siku moja.

"Macho yako yamekesha," Eufrazia akamjibu. "Kidole hakijakesha. Tia."

Aliyemchukia kuliko wote pale kazini alikuwa Justina, mpishi. Jiko lake lilikuwa la mbao, limebanana na ofisi, ukuta mmoja wanachangia. Ugomvi wao ulianzia kwenye matambara. Justina alichukua matambara laini ya kusafishia mitutu akayafanya ya kuepulia sufuria, na Eufrazia akaenda kuyanyang'anya sufuria ikiwa bado motoni, wali ukamwagika, ikawa vurugu. Tangu siku hiyo, mwaka wa tatu huo, hawakusalimiana. Justina alipeleka maneno kwa mzee Venance kila alipopata nafasi: kwamba Eufrazia anamtukana bosi, na kwamba anatamba kampuni bila yeye si kampuni. La kwanza lilikuwa uongo.

Basi akaja Clever. Huyu alikuwa shemeji yake mzee Venance, ndugu wa mke, miaka ishirini na tisa, ametoka Mwanza na cheti cha wiki tatu ndani ya plastiki. Siku ya kwanza alipita mbele ya kigoda cha Eufrazia akasema, "Mambo, mama." Shikamoo hakuwa nayo. Eufrazia hakuitikia. Alimtazama viatu, akamtazama usoni, akarudi kwenye viatu.

Mzee Venance alitaka kumpa kijana ufunguo wa ghala, ila walinzi walianza kunung'unika. Ndiyo, hao hao waliokuwa wanachukia kidole. Akaona atafute njia ya kuwaziba midomo. Akamwita Eufrazia ofisini.

"Ijumaa Clever ataifungua bastola, ataisafisha na kuifunga mbele yangu. Akimaliza bila kasoro, ufunguo ni wake, wewe utakwenda lindo la mnadani Biharamulo. Akiharibu, ghala ni lako na sitaligusa tena suala hili. Umenielewa?"

"Nimekuelewa."

Alitoka pale akarudi kwenye kigoda chake. Mnadani alinde nini, mikia ya ng'ombe? Ule ufunguo hakupewa kwa kuonewa huruma wala kwa kuwa ndugu ya mtu. Alipewa kwa sababu anajua. Katika maisha yake yote hakuwahi kupata kitu kingine kwa njia hiyo, na aliogopa kuukosa kuliko alivyowahi kuogopa kitu tangu amzike mama yake.

Ijumaa ikaja na mvua. Bastola ya kufanyia jaribio ilikuwa ile ya Nyanda, mlinzi wa huko huko mnadani, aliyekuwa anaingia na basi la asubuhi. Mzee Venance alimvizia getini, akaichukua mkononi mwake kama ilivyo, akaifungia kwenye droo ya meza yake.

"Haijapita kwenye pipa," Eufrazia akamwambia.

"Nikikupa upitishe kwenye pipa utaichezea ili shemeji yangu aumbuke. Usinifundishe kazi."

Na kwa kuwa mvua ilikuwa inapiga kweli kweli, akaamua jaribio lifanyike mezani, ofisini. Clever akakaa, mgongo kwenye dirisha, uso kwenye ukuta wa mbao. Mzee Venance pembeni yake. Nyanda akabaki amesimama mlangoni analowesha sakafu. Eufrazia akasimama upande wa pili, kwenye kona ya meza, mikono kifuani. Nyuma ya ukuta Justina alikuwa anamenya ndizi. Kisu kilisikika kinakwaruza, na yeye anakohoa kikohozi chake cha moshi.

Clever alikunja mikono ya shati. Mikono yake ilikuwa na wepesi, hilo Eufrazia alilikubali moyoni, likamuuma. Akatoa magazini, akailaza mezani. Akakoki kwa nguvu, kifuniko cha juu kikarudi nyuma, akaachia. Hakikuruka kitu. Akatabasamu kwa shemeji yake.

Eufrazia alikuwa anaitazama magazini. Ubavuni ina matundu, na kila tundu linaonyesha risasi yake. Akahesabu saba. Alivyotoka nayo Nyanda wiki iliyopita alisaini nane kwenye daftari, na Nyanda ana tabia ya kuingiza moja kabisa kwenye chemba akiwa lindo, maana mnadani kuna wezi wasiosubiri. Risasi ya nane iko wapi? Kama ilikuwa kwenye chemba, pale alipokoki ingeruka. Haikuruka. Labda Nyanda ameipoteza.

Au labda haikutoka.

Kisha akaona kile kijino kidogo ubavuni mwa bastola, kile kinachoing'ata risasi na kuivuta nje. Kilikuwa kimezungukwa na kitu cha njano kilichoganda, kimeshika vumbi la njia ya Biharamulo mpaka kimekuwa udongo. Mafuta ya bunduki hayagandi hivyo. Mafuta ya bunduki, kwanza, yalikwisha tangu Machi, mara tatu alimwomba bosi anunue, na mara ya tatu aliambiwa mbele za watu, "Mafuta ni mafuta, paka yoyote." Nyanda alikuwepo siku hiyo. Kwao Nyanda ni wafugaji, na nyumbani kwake kila kitu kinachokwaruza hupakwa samli.

Sasa bastola ile ni ya namna ambayo haifunguki mpaka kwanza ubonyeze triga. Ndivyo ilivyotengenezwa. Clever alikuwa anajua, cheti kilimfundisha. Akainyanyua, akaielekeza mbele yake, kwenye ukuta wa mbao.

Na hapa tusidanganyane. Eufrazia alinyamaza.

Alinyamaza kwa muda wa kutosha kuwaza yote. Akibonyeza, itafyatuka. Ikifyatuka, mzee Venance ataruka kwenye kiti, kijana atajikojolea, na ufunguo utabaki pale pale shingoni mpaka azeeke. Hatakuwa amefanya kosa lolote. Alikatazwa kuigusa, alikatazwa kufundisha, sasa waache waone. Roho yake ilifurahi, ilifurahi kweli, na mdomo ule usiolala ukafungwa kama umeshonwa.

Nyuma ya ukuta Justina akakohoa.

Eufrazia alizunguka kona ya meza kwa hatua moja akamkamata Clever kifundo cha mkono, akakikandamiza chini mpaka mtutu ukatazama sakafu ya udongo.

"Toa kidole," alisema. Hakupaza sauti.

"Niachie, mama. Nimeshakoki, hamna kitu."

"Toa kidole kwenye triga."

"Eufrazia!" Mzee Venance alisimama. "Nilijua. Nilijua tu hutaacha kijana afanye kazi. Rudi ulipokuwa."

Hakurudi. Alisubiri mpaka kidole kikatoka, akamvutisha nyuma kifuniko cha juu, akakishikilia wazi. "Tia kidole cha mwisho humo ndani. Papasa."

Clever alicheka kwa pua, akatia. Kicheko kikakatika. Alibaki vile, kidole kimo ndani, kimekutana na kitako cha risasi.

Eufrazia aliichukua bastola, akatoka nayo kwenye mvua mpaka kwenye pipa. Wakamfuata. Mtutu ukielekea mchangani, akachokoa kile kijino kwa njiti ya mbao, akapuliza, akakoki. Risasi ya nane ikaruka ikaangukia mchanga uliolowa. Akainusa njiti, akamnyooshea Nyanda.

"Hii ni nini?"

"Samli, afande," Nyanda alisema akitazama chini. "Mafuta yaliisha. Bosi alisema mafuta ni mafuta."

Hakuna aliyemtazama bosi. Mzee Venance alijifuta mvua usoni, akakohoa, akatazama saa.

"Turudini ndani. Clever, endelea."

Na Clever akaendelea. Alibonyeza, safari hii ikalia ka tu, kifuniko kikateleza mbele kikatoka. Akatoa springi, akatoa mtutu. Akafuta samli yote kwa tambara na mafuta ya taa, akapitisha brashi ndani ya mtutu kuanzia nyuma, akapitisha kitambaa mpaka kikatoka cheupe. Akapaka tone moja la mafuta ya cherehani, wala hakuzidisha. Akarudisha mtutu, springi, kifuniko, akakoki mara tatu kuhakikisha inacheza vizuri. Bila kasoro, kama walivyokubaliana.

"Si umeona?" mzee Venance akamwambia Eufrazia. "Amemaliza."

"Angeua mtu."

"Aliua nani?" Aligeuza viganja vyote viwili, vitupu. "Niambie, nani kafa hapa? Hakuna kilichotokea. Kilichotokea ni wewe kumrukia mtu mwenye silaha mkononi. Lete ufunguo."

Alitaka kumtukana. Matusi alikuwa nayo, ya Kiswahili na ya Kihangaza, ya kutosha mpaka jioni. Akavua ile kamba ya kiatu ikanasa kwenye nywele, akaivuta na nywele zake, akaitupa mezani. Clever aliuchukua ufunguo bila kumtazama. Shikamoo hakusema, asante hakusema.

Eufrazia akazunguka nyumba, akaingia jikoni kwa Justina. Miaka mitatu hakuwahi kukanyaga mle. Justina alikuwa amekaa palepale, mgongo umeegemea ukuta wa ofisi, sufuria ya ndizi mbele yake, kisu kando, maganda miguuni. Alimkata jicho.

"Nimesikia umepokonywa," alisema. "Afadhali. Ulizidi kiburi."

"Hama hapo."

"Nini?"

"Hapo ulipokaa. Hama. Kaa upande ule wa mlangoni."

"Hata jikoni kwangu unataka kuniamrisha? Nenda kaamrishe ng'ombe wa Biharamulo. Mimi hapa ndipo ninapopata joto, na sihami."

Eufrazia alinyanyua sufuria ya ndizi, akaivusha chumba chote, akaitua mlangoni. Akarudi akachukua beseni la maji. Akarudi akachukua kisu. Justina alikuwa anamtukana muda wote huo, ukoo mzima, kwa sauti ya kusikika stendi. Mwisho akabaki na kigoda chake tu na ukuta nyuma yake, hana cha kumenya, hana cha kumenyea, ikambidi ainuke akifuate kisu chake.

Alipoinuka, Eufrazia alikivuta kigoda, akakibeba mpaka mlangoni, akakipangusa kwa upindo wa khanga yake.

"Kaa hapa," alisema. "Kila siku. Hata mimi nikiwa sipo."