Kiganja cha Orval Stidham

Orval Stidham alivaa suruali yake ya kanisani, mguu mmoja mtupu umekunjwa na kubanwa kwa pini, akakaa ukingoni mwa kitanda akashindwa kuinuka. Aliogopa.

"Uji wa mahindi unapoa," mkewe Twyla aliita kutoka jikoni.

"Mpe mbwa."

"Mbwa mwenyewe ameuchoka. Twende, Orval. Unakwenda kuulizwa maswali, hupelekwi kunyongwa."

Kwenye kinu cha chakula cha kuku alikokuwa akifanya kazi Orval, kampuni ya reli huacha mabehewa ya mahindi juu ya mtelemko. Watu wa kinu hulegeza breki, hupanda, na kushuka na behewa taratibu hadi kwenye shimo la kumwagia, mikono ikizungusha gurudumu la breki. Hapo ndipo wanaume wa pale wanapopimana ustadi. Orval alisifika kwamba kiganja chake hutambua breki iliyougua kabla haijamsaliti mtu. Wenzake walimwita Daktari. Asubuhi moja ya mvua mnyororo wa breki ulikatika; behewa likakimbia, likamtupa chini na kumkanyaga mguu.

Wakili wake katika kesi aliyoifungulia kampuni ya reli, Bi Renfroe, aliwapokea mlangoni pa ofisi yake, akamvuta kando.

"Nisikilize, Bwana Orval. Ungekuwa mwajiriwa wa reli, breki mbovu ingetosha kukupatia fidia, hata kama na wewe ulizembea. Lakini wewe ni mtu wa kinu. Unahukumiwa kwa sheria ya Alabama, na hapa ukionekana umechangia ajali hata chembe, hupati kitu. Jibu kwa ufupi. Usijisifu."

"Nijisifu kwa lipi, mama? Kwa mguu mmoja?"

Ndani aliapishwa, ahojiwe na wakili wa reli kabla ya kesi kusikilizwa. Aliificha mikono chini ya meza. Alitarajia wakili wa reli awe mkali. Badala yake alikuta mzee mpole, anayeongea kama jirani aliyeegemea ua.

"Bwana Orval, pole sana kwa yaliyokufika. Nasikia kule kinuni wanakuita Daktari."

"Ni utani wao tu, bwana."

"Utani? Mimi nimeambiwa hakuna mwenye mkono kama wako kaunti nzima."

Tangu atoke hospitali, watu walimsemesha kama mtoto mgonjwa. Huyu alimsemesha kama mwanamume. Hofu ikamlegea kidogo, akanyoosha mgongo.

"Kiganja changu hakijawahi kunidanganya," akasema.

Kalamu ya Bi Renfroe ikasimama.

"Basi asubuhi ile," mzee akauliza kwa upole uleule, "kilikuambia nini?"

Hofu ikarudi yote kwa mpigo. Orval alimtazama Twyla, aliyeketi kando ya ukuta. Midomo ya Twyla ilikuwa inasema bila sauti: hakuna kitu, hakuna kitu. Lakini alikuwa ameapa, na gurudumu lile la breki lilizunguka kwa wepesi mno mikononi mwake, analikumbuka mpaka leo.

"Kiliniambia breki haishiki vizuri."

"Na ukapanda?"

"Nilipanda, bwana. Shimo lilikuwa tupu, wote wanangoja mahindi. Nilidhani nitaiweza."

"Asante. Sina swali lingine."

Kwenye ukumbi wa nje Orval aliuliza, "Ndiyo kesi imekufa?"

"Bado," alisema Bi Renfroe, akikusanya karatasi zake. "Ila wamepata walichokifuata."

Walipofika kwenye ngazi, Orval alisimama. Aliyaegemea magongo yake.

"Twyla, siwezi kushuka."

Twyla akatangulia chini ngazi moja, akamgeuzia mgongo ili amshike bega.

"Ungenyamaza tu, Daktari," akasema.