Tumeacha, Kwa Imani

Kiongozi wa seli yetu ya maombi, hapa mtaani Panda, alileta fotokopi za maswali ya kujadiliana kuhusu tabia njema. Swali moja kila juma, ndivyo alivyoagizwa. Sisi tuliyamaliza yote kikao kimoja, maana kanisani kwetu mtu hasemi "nitaacha." Hiyo ni imani haba. Anasema "nimeacha," kisha Mungu ahangaike na yaliyobaki.

Swali la kwanza: ni tabia gani ungependa kubadilisha? Mlevi wa mtaa akasema hanywi tena, na harufu ya pombe ikatufikia kabla ya ushuhuda. Amina! Msengenyaji wetu mkuu naye hasengenyi tena. Amina! Mimi nilikuwa nimempakata mwanangu, nauma midomo.

Akasimama mume wangu, mchimbaji wa kobalti.

"Bandugu, manguo ya kazi minye naitoshaka inje, kisha naingia mu nyumba. Mavumbi haiingiaka tena, kwa imani!"

Wakampigia makofi: eti nguo za mgodini anazivulia nje! Asubuhi ile ile nilikuwa nimekung'uta vumbi lake kwenye shuka ya mtoto. Muuguzi alituambia waziwazi: vumbi la mgodini lisiingie ndani, kifua cha huyu mtoto hakitahimili. Baba mtu alikuwepo, akiitikia kwa kichwa. Nimemwomba, nimemlilia, wapi!

Swali la mwisho liliuliza nani atakusaidia usirudi nyuma. Kiongozi akaliruka. Watu wameshashinda, msaidizi wa nini? Niliwachukia wote, wao na makofi yao.

Kesho yake jioni, saa ya mume wangu kurudi ilipokaribia, niliweka ndoo ya maji, kopo na nguo safi uani, nikaingia na kukomea mlango. Akabisha.

"Mama, fungula."

"Toshako kwanza manguo."

"Apa inje? Bantu banaangalia! Minye nilishatoa ushuhuda."

"Basi ingia. Na minye nilishafungula, kwa imani."

Jirani akaangua kicheko, mmoja wa wale wale waliompigia makofi. Mume wangu akagonga, akafoka, akatishia kunipeleka kwa pasta. Mtoto alikuwa akikohoa mgongoni mwangu. Niliegemea mlango kwa bega, kwa uzito wangu wote, nikaapa moyoni kwamba hata kukicha sitaufungua. Kisha nikasikia kopo likizama ndooni.