Uzio wa Kitanda cha Rehema

Siku niliyoripoti karakanani nilivaa gauni la kanisani na viatu vya kufunga, nikidhani kazi mpya huanza kwa sherehe ndogo. Fundi Mkuu, mzee wa Makwale mwenye sauti ya chini, aliniangalia toka juu hadi chini, akanipa koti la kazi lililoganda gundi.

"Vaa hili juu," akasema. "Vumbi la mbao halichagui nguo."

Ilikuwa karakana ya ushirika pale Kyela mjini. Nilikuwa nimemaliza chuo cha ufundi, mwanamke peke yangu kati ya maseremala, na niliwasikia wenzangu wakinong'onezana kwa Kinyakyusa kwamba kesho sitarudi. Nilirudi. Nilirudi miaka mingi, na ninyi vijana mnaoniuliza kazi ilikuwaje zamani, nitawaeleza kwa njia ya kitanda kimoja, maana hicho ndicho kilichonifundisha zaidi ya vingine vyote.

Kazi yangu ya kwanza ilikuwa kupiga msasa fito za vitanda vya wodi ya watoto. Tuliviita vitanda vya uzio: kichwa na mguu vya mbao nzito, na ubavuni fito zilizosimama, ili mtoto mchanga asibingirike akaanguka. Nilidhani msasa ni kazi ya kumdharau mgeni. Nilipomaliza, Fundi Mkuu alitoa mfukoni soksi ya nailoni ya mwanamke, akaivaa mkononi na kuipitisha juu ya kila ufito. Ikanasa.

"Rudia," akasema. "Mtoto hakijui kitanda kwa macho, binti. Anakijua kwa ulimi na fizi."

Alikuwa pia na kipande cha mninga alichokichonga mwenyewe, akakitumia kupima pengo kati ya ufito na ufito. Kikipita, ufito unang'olewa. Aliniambia kwamba mtoto ni kiumbe ambaye kichwa chake ni kikubwa kuliko nyonga zake, kwa hiyo pengo la hatari si lile dogo wala lile kubwa kabisa, bali lile linaloruhusu mwili na kukataa kichwa. "Hilo si pengo," alisema, "hilo ni mtego."

Kisha serikali ikafungulia biashara ya nje. Maduka yaliyokuwa matupu yakajaa, mitumba ikaingia kwa marobota, magodoro ya sponji yakapita juu ya baiskeli yamefungwa kwa mipira. Watu walifurahi, nasi tulifurahi, lakini hakuna aliyekuwa akiagiza tena viti vya ushirika. Asubuhi moja Meneja alitukusanya uani. Alikuwa mtu wa tai na maneno marefu, ila siku hiyo alisema kwa ufupi kwamba karakana inafungwa, akatushika mikono mmoja mmoja. Fundi Mkuu alikusanya randa na patasi zake, akanigeukia.

"Nina banda Katumba Songwe, karibu na barabara ya mpakani. Utakuja?"

Nikaenda.

Kule kazi ilibadilika. Hatukutengeneza vitu vipya sana. Tulirekebisha vya watu wengine. Vilivuka mto wa mpakani vitu vya kila namna, makabati yasiyo na milango, meza za miguu mitatu, na mara chache vitanda vya uzio vya kizungu, vyenye ubavu mmoja unaoshuka na kupanda kwenye reli. Vilikuja bila karatasi ya maelekezo, na aghalabu skrubu zake muhimu zilikuwa zimebaki safarini.

Kimoja alikuwa nacho Mama Rehema. Huyu alikuwa mfanyabiashara wa vitenge, mzaliwa wa ng'ambo, Karonga, aliyeolewa huku na Bwana Yusufu, fundi baiskeli. Walikaa kwenye ndoa muda mrefu bila mtoto, mpaka watu wakachoka hata kuwasema. Alipozaliwa Rehema, mjomba wake alimletea kitanda kutoka kwa waajiri wake waliokuwa wakirudi kwao. Hapa kwetu mtoto hulala na mama yake. Kitanda cha peke yake kilikuwa jambo la kutazamwa, na majirani walikuja kukitazama.

Alikuja bandani akiwa na uso uliokosa usingizi.

"Mugonile, mzee," alimsalimu Fundi Mkuu, akapiga goti kidogo. "Rehema anapanda uzio. Jana ameanguka kwenye sakafu, ametoka nundu hii hapa. Naomba mniongezee urefu."

"Anaweza kuweka mguu juu ya ufito wa juu uliolala?"

"Anauweka kama mbuzi."

"Basi kitanda hicho kimeshamkataa," alisema Fundi Mkuu. "Mama, nikiongeza urefu nitakuwa nimeongeza kimo cha kuangukia tu. Mtoto akishapanda, dawa ni kumfungulia. Tuondoe ubavu mmoja, tushushe godoro chini, alale kwenye kitanda cha kushuka mwenyewe."

Mama Rehema alitikisa kichwa kabla mzee hajamaliza. Nyumba yao ilikuwa ukingoni mwa majaruba ya mpunga, na nyuma yake ulipita mfereji ambao masika hujaa hadi ukingoni. Yeye hushinda sokoni. Mtoto hubaki na bibi yake, mama yake Yusufu, ambaye nyonga ilikuwa mbovu na hakuweza kukimbia.

"Mkiufungua uzio ataamka, atatoka, atakwenda majini," alisema. "Mzee, mimi nauza vitenge huku roho iko pale mfereji ulipo. Uzio ndio unaonipa amani."

Fundi Mkuu hakumbishia. Alimwomba asubiri siku chache aje kuiona nyumba, kwa kuwa alikuwa na milango ya kufunga Mwaya. Mama Rehema aliondoka hajaridhika, na mumewe, kwa kumwonea huruma, akachukua nyundo. Alipigilia ubao juu ya uzio, kutoka nguzo ya kichwani hadi nguzo ya miguuni. Kati ya ubao ule na ufito wa juu akaacha pengo.

Fundi Mkuu alikuwa bado Mwaya, nami nilikuwa napiga randa, nilipoona jirani wa Mama Rehema anakuja mbio, kanga imemdondoka mabegani.

"Dada Fundi! Njoo na msumeno! Mtoto amenasa shingo!"

Nilichukua msumeno wa meno madogo nikakimbia.

Chumba kilikuwa kimejaa wanawake wanaolia. Rehema alikuwa ametanguliza miguu kwenye lile pengo, mwili ukapita, akabaki ananing'inia nje ya kitanda, kichwa kimekataa. Na kando yake alisimama bibi, ameinama. Yule mzee wa nyonga mbovu alikuwa amemkumbatia mjukuu wake, amembeba kwa mikono miwili, ili uzito usiende shingoni. Jasho lilimtiririka kidevuni. Sijui alisimama vile kwa muda gani, naye hakujua.

Mwanamke mmoja alikuwa ameshika miguu ya mtoto, anavuta.

"Acha kuvuta!" nilipiga kelele. Sauti ile sikujua kama ninayo. "Msaidieni bibi kumnyanyua. Juu, siyo chini!"

Mwingine alikuwa na nyundo, anataka kung'oa misumari. Nikamzuia. Kung'oa kungeutikisa ubao, na ubao ulikuwa umelala juu ya kisogo cha mtoto. Nilikunja kanga nikaiingiza taratibu kati ya mbao na shingo, nikamwambia jirani aushike ubao kwa nguvu zake zote usicheze, kisha nikaanza kukata upande wa mbali, kandokando ya nguzo.

Rehema aliacha kulia. Hilo ndilo lililonitisha. Nilikata huku nasikiliza pumzi yake puani, ndogo, kama ya mtu anayepuliza chai. Bibi alikuwa anamwimbia kwa Kinyakyusa, sauti inakatika kwa uchovu, na kila alipokatika nami nilidhani nimemsikia anaanguka. Kumbe hakuanguka. Ubao uliachia, nikauinua, na mtoto akateleza mikononi mwa bibi yake.

Halafu akalia, "Juba! Juba!" anamwita mama yake, kilio kikubwa chenye hasira. Sijawahi kusikia sauti tamu kama ile. Nikaketi sakafuni kwenye unga wa mbao nikacheka kama mwendawazimu. Bibi naye aliketi kando yangu na mtoto mapajani, akanishika kichwa.

"Ndaga fijo, mwanangu," alinishukuru. "Ndaga fijo."

Zahanati walimwangalia, wakamgeuza shingo huku na huku, wakasema hana kitu zaidi ya michubuko. Mama Rehema alipofika kutoka sokoni alimbeba mtoto, akawa hamwachii hata kwa maji ya kunywa.

Siku iliyofuata Bwana Yusufu alikuja bandani mwenyewe. Alisimama mlangoni, kofia mkononi. "Mzee, mimi ndiye niliyepigilia ule ubao."

Fundi Mkuu alikuwa amerudi kutoka Mwaya, na habari alikwisha kuzipata. "Ulipigilia kwa woga wa baba," akamjibu. "Woga si dhambi, ila haujui vipimo. Kilete kitanda. Na tutakuja kuiona nyumba."

Sasa niwaeleze tulivyofanya, maana hata leo naona watu wanakata ubavu wa kitanda cha mtoto kwa msumeno na kudhani wamemaliza. Ubavu wa uzio haukai pale kwa ajili ya mtoto tu. Ndio unaoshika kichwa na mguu wa kitanda visiachane. Ukiuondoa, kitanda kinayumba, na siku moja kinafunguka na mtoto juu yake. Kwa hiyo tulipoutoa ubavu wa mbele, wote mzima bila kuukata, tuliweka mahali pake mhimili wa mvule, yaani mbao nene iliyolala chini, ikiviunga kichwa na mguu. Tuliifunga kwa bolti zinazopenya hadi upande wa pili, si kwa misumari. Nati tulizizamisha ndani ya mbao ili zisikwaruze.

Godoro lilishushwa hadi nafasi ya chini kabisa. Lile la zamani lilikuwa dogo, mkono wangu ulizama kati yake na ubavu; Fundi Mkuu alilikataa, akamtaka Bwana Yusufu atafute la kulingana na kitanda pande zote. Upande wa kichwani tukaweka kizuizi kifupi cha kuzuia mtoto asibingirike, kikaacha nafasi pana ya kushukia upande wa miguuni. Pengo chini ya kizuizi hatukuliacha. Ncha za nguzo zilizochomoza tulizikata zikawa sawa na ubao, maana nguo ya mtoto hunasa pale, na tulipokirudisha kitanda nyumbani kwao, chandarua kilichokuwa kimefungwa kwenye nguzo tukakitundika kwenye boriti ya dari, kamba zikawa juu asikozifikia. Kitanda tukakisogeza mbali na dirisha. Fundi Mkuu alikaa juu yake, akanikalisha na mimi, kisha tukabingirisha gunia la mchele huku na huku tukisikiliza. Hakikutoa hata mlio.

Mama Rehema alitazama yote hayo amefunga mikono.

"Kizuri," alisema. "Na mfereji je?"

Fundi Mkuu aliuchukua ule ubavu tuliouondoa, akaubeba hadi mlango wa nyuma, akausimamisha pale katikati ya miimo. "Uzio wako sitautupa, mama. Nauhamisha. Kuanzia leo nyumba yote ndiyo kitanda chake, na uzio uko mlangoni."

Tuliufunga kwa bawaba, tukaongeza ubao laini chini yake usio na pa kukanyagia, komeo tukaliweka upande wa nje, mahali ambapo bibi anafika bila kuinama. Mlango wa mbele tukauchongea wa namna hiyo hiyo. Nilipima kila pengo kwa kile kipande cha mninga, Bwana Yusufu akaniomba kipande hicho, akarudia kupima mwenyewe.

Mchana wa siku ile Rehema alilazwa kwenye kitanda chake. Sisi tulikaa uani. Mama yake alilikata pindo la kanga yake kwa meno bila kujua. Kisha tukasikia godoro. Bibi, aliyekuwa ndani, alituashiria kwa mkono tusiingie. Kupitia kwenye zile fito tulimwona Rehema akigeuka kifudifudi, akishusha mguu mmoja, akitafuta sakafu kwa vidole, akashusha wa pili. Alisimama, akatembea hadi mlangoni, akashika uzio kwa mikono miwili akatutazama.

"Fungua," akasema.

Mama Rehema alilia palepale akicheka. Alisema kwamba tangu mtoto azaliwe hakupata kuvuta pumzi hadi mwisho. Wiki iliyofuata nilimwona sokoni akibishana na wateja kwa sauti kuu, nikajua amepona.

Baada ya hapo waliniletea vitanda vya uzio kutoka vijiji vingi, hata ng'ambo. Fundi Mkuu alipozeeka aliniachia banda, baadaye nikahamia Kyela mjini, nikaajiri watu, nikafundisha wengine, hadi macho yalipoanza kunichanganyia mstari wa penseli na kivuli chake. Nilistaafu bila hotuba. Nilifagia banda, nikawapa walionifuata zana zangu, nikaenda nyumbani kupika ndizi.

Watu huniuliza kazi ipi najivunia, wakitegemea nitaje milango ya kanisa au kabati la mkubwa fulani. Siwezi kuwaonyesha ninayojivunia. Kitanda nilichokifunga vizuri hakina hadithi; mtoto alilala, akaamka, akakua, akakisahau, na hakuna aliyenijia mbio. Zamani nilidhani ukimya ule ni watu kukosa shukrani. Sasa najua thamani yake.

Wajukuu wangu huja likizo, na mdogo wao hulala kwenye kitanda kifupi nilichokitengeneza mwisho. Kila jioni, kabla hajapanda, nashika ubao wa kichwani nautikisa, nao wananicheka. Nawaacha wacheke. Nasikiliza. Kisha nampandisha mtoto, nashusha chandarua, nami naenda zangu kulala.