Ukuta wa Jirani Kwenye Vumbi la Stesheni

Tulipofukuzwa mjini Kolwezi, sisi wenye asili ya jimbo la Kasai, tuliishi stesheni tukingoja treni. Awali mahakama ilikuwa imemwamuru jirani yetu aache kujenga ukuta ndani ya kiwanja chetu. Hakuacha. Baba akamshtaki kwa kuidharau mahakama, na siku ya kesi alivaa koti akaondoka pale stesheni. Mahakama aliikuta imefungwa. Aliporudi alimwona hakimu wa kesi hiyo palepale stesheni, naye kafukuzwa kama sisi, amekalia godoro lake lililokunjwa.

"Tata juji," Baba alimwita kwa heshima, "ule muntu angali anajenga."

"Mi siko juji tena, tata. Mi niko abiria sawa weye."

"Basi unisikilize sawa abiria."

Baba alichora kiwanja chetu vumbini kwa kijiti: nyumba, kisima, ukuta. Ukungu wa asubuhi ulipita kati yao, hakimu akitazama.

"Alizarau tribinale," alisema mwishowe. "Ukuta ubomolewe."

Nikauliza nani ataubomoa. Baba alivua koti akalala fofofo, mara ya kwanza tangu tuondoke nyumbani.

Hata leo sijui kama ile ilikuwa hukumu. Nakumbuka tu watu wenye mizigo vichwani wakiuzunguka mchoro ule bila kuambiwa, na hakuna aliyekanyaga kiwanja chetu hadi treni ilipofika.